Kiwanja cha mafunjoni kina hati. Je, ni chako? Uzi kuhusu sheria ya mito na ardhioevu Uganda

Bin Sio (mtoa mada)

Ndugu zangu, uzi huu ni mrefu, mwenye haraka ateremke moja kwa moja kwenye majibu.

Huku kwetu Busia, Malaba na Tororo viwanja vya bei rahisi vimekuwa vingi ghafla, na karibu vyote viko kule chini, maji yanakopita. Watu wanaokaribia kulipa wananipigia simu na swali lao ni moja: "Kina hati, mkataba una muhuri wa mwenyekiti wa LC1 (baraza la kijiji), kwani shida iko wapi?" Nijibu hapa hadharani, atakayeuliza tena nimtumie uzi huu.

Hati haizuii tingatinga. Hilo ndilo jibu, sasa sababu zake.

Katiba ya 1995, ibara ya 237, inaanza kwa kusema ardhi ya Uganda ni mali ya wananchi wa Uganda. Wengi wakifika hapo wanafunga kitabu, roho zimetulia. Teremka kidogo. Ibara hiyohiyo inasema maziwa ya asili, mito, ardhioevu, hifadhi za misitu na mbuga za taifa vinashikiliwa na serikali kuu au serikali za wilaya kwa amana, kwa faida ya wananchi wote. Yaani serikali hapo ni mdhamini tu, na mdhamini hauzi alichowekewa. Sheria ya Ardhi ya 1998 ikakaza fundo: serikali hairuhusiwi kukodisha wala kumhamishia mtu rasilimali hizo, inaweza tu kutoa leseni au kibali cha kuzitumia. Basi ofisi ikikupa hati ya kumiliki kinamasi, imekupa kitu ambacho yenyewe haikuwa nacho.

Halafu kuna kanuni za mwaka 2000 za ardhioevu, kingo za mito na fukwe za maziwa. Humu ndimo mna vipimo, na ajabu ni kwamba madalali wetu hawavijui au wanajifanya hawavijui. Mito mikubwa iliyotajwa kwenye orodha ina ukanda wa hifadhi wa mita 100 kila upande. Mito mingine ni mita 30. Maziwa makubwa kama Victoria, Kyoga, Albert, Edward na George ni mita 200, madogo mita 100. Mto Malaba, ambao wengi wetu tunauvuka bila hata kuutazama, umo kwenye ile orodha ya mita 100. Wamo pia Manafwa, Mpologoma, Namatala, Nabuyonga na Sironko kwa upande wa mashariki, Rwizi, Katonga na Kagera kwa magharibi na kusini, na Nile yenyewe kutoka Ziwa Victoria hadi Ziwa Albert.

Hapa sasa msome polepole. Kwa mto, mita zinahesabiwa kuanzia pale maji yanapofika yakiwa yamejaa kabisa. Huhesabu kutoka kwenye kamkondo unakokaona siku unapopelekwa kutazama kiwanja. Na utapelekwa lini? Januari au Februari, jua kali, ardhi imepasuka, unakanyaga kwa viatu vya ofisini. Muuzaji atakuonyesha mto kule mbali, atahesabu hatua mbele yako, na hesabu itatimia. Rudi Aprili mwishoni au Novemba. Usipotaka kusubiri, tazama vigogo vya miti: maji ya mafuriko huacha mstari wa tope na takataka zilizonasa. Tazama pia mimea, kwani mafunjo hayaoti pakavu. Halafu waulize wanawake wanaochota maji hapo. Mwenyekiti hatakwambia.

Kinamasi nacho kina namna yake ya kufa, na nimeiona ikirudiwa karibu neno kwa neno. Kwanza anakuja mtu na magimbi na miwa pembeni, hakuna anayegombana naye maana ni jirani na ana watoto. Wanafuata wafyatua matofali, wanachimba udongo na kuacha mashimo. Anatokea mwingine na miche ya mikaratusi, mti unaofyonza maji usiku na mchana. Mpaka hapo bado kinamasi kinaweza kurudi. Mafunjo ukiyakata au hata kuyachoma yanachipua tena, mizizi yake iko chini ya maji. Mwisho wake ni malori ya kifusi, nayo huja Ijumaa jioni na kumwaga mpaka alfajiri ya Jumatatu, kwa sababu siku hizo ofisa wa mazingira wa wilaya yuko nyumbani na mahakama zimefungwa. Mafunjo yaliyofukiwa hayachipui. Wiki mbili baadaye kuna ua wa mabati, kibanda cha mlinzi, na sehemu ya kuoshea magari au kanisa la turubai. Hati inakuja baadaye kabisa, na anayeitafuta si yule wa magimbi.

Mtaniambia naongea kama NEMA, mamlaka ya taifa ya mazingira. La. Nina ugomvi na mamlaka, na ndio hasa ulionifanya niandike. Wakija, wanamkuta yule wa magimbi na yule aliyenunua kiwanja kwa akiba ya miaka. Nyumba inaanguka, picha zinaenda kwenye televisheni, waheshimiwa wanalaumiana, basi. Aliyepima kiwanja, aliyeweka sahihi kwenye bodi ya ardhi ya wilaya, aliyeidhinisha ramani ya jengo na kuchukua ada, hao hatuwaoni kizimbani. Hati iliyo ndani ya ukanda wa hifadhi ina majina ya watu waliolipwa kuitengeneza, na majina hayo yamo kwenye faili. Kama serikali ni mdhamini, kesi ya kwanza ni ya mdhamini aliyekula amana. Aliyenunua anafuata nyuma.

---

Dalali Tororo

Mzee, unatuharibia riziki mchana kweupe. Hati ikitolewa na serikali, mimi dalali ni nani nibishane nayo? Na kama serikali yenyewe ndiyo imekosea, si inapaswa kumlipa mtu fidia kabla ya kumvunjia? Katiba hiyohiyo, ibara ya 26, inalinda mali ya mtu. Mbona hiyo umeiruka?

---

Bin Sio

Sijairuka, nilijua utaileta. Ilishafikishwa mpaka Mahakama ya Juu.

Kesi inaitwa Amooti Godfrey Nyakaana dhidi ya NEMA. Alikuwa na hati na alijenga Kampala. NEMA wakasema nyumba iko ndani ya ardhioevu, wakampa amri ya urejeshaji, yaani aondoe jengo na aiache ardhi irudi ilivyokuwa. Hakuondoa, wakabomoa. Akaenda Mahakama ya Katiba akidai haki yake ya mali imevunjwa na hakusikilizwa ipasavyo. Akashindwa. Akakata rufaa Mahakama ya Juu, na mwaka 2015 akashindwa tena. Kiini cha hukumu ni kwamba haki ya kumiliki ardhi haikupi ruhusa ya kuitumia utakavyo. Mwenye ardhi anaimiliki chini ya sheria za mazingira, na jirani zake nao wana haki yao ya mazingira safi na salama kwa ibara ya 39.

Kwa hiyo mteja wako akikuuliza habari za fidia, mwambie aliyekuwa na hati na mawakili alitembea njia yote hiyo akarudi mikono mitupu. Na usisahau kwamba mwaka 2014 Baraza la Mawaziri liliamua hati zilizotolewa ndani ya ardhioevu baada ya Katiba ya 1995 zifutwe. Kazi hiyo inakwenda kwa mwendo wa kinyonga, lakini uamuzi upo, na siku watakapofika kwenye faili lako hawatakupigia simu kwanza.

Riziki yako sijaigusa. Uza viwanja vya mlimani.

---

Kijana wa Bwaise

Mimi niko upande wa pili wa hii habari, mvua ikinyesha saa moja tu tunabeba godoro kichwani. Bwaise, mtaa wetu hapa Kampala, maji yake yanakwenda kinamasi cha Lubigi. Lubigi wakaijaza nyumba, gereji na barabara, sasa maji yaende wapi? Yanarudi kwetu. Mwaka 2024 NEMA walipowaondoa watu Lubigi niliona huruma, wallahi, niliona kina mama wamekaa barabarani na sufuria. Lakini nilijiuliza pia, hawa waliingiziwa umeme na nani? Nguzo za umeme zilipandwa na kampuni yenye leseni ya serikali. Mita za maji hivyohivyo. Ukilipa bili miaka kumi halafu ukaambiwa hukupaswa kuwepo, utaelewa vipi?

Mtoa mada, uliposema kesi ya kwanza ni ya mdhamini, hapo umenena.

---

Mama Mpunga

Naandika kutoka Butaleja. Nyinyi wa mjini mnazungumza majengo, sisi huku tunazungumza chakula. Doho ni mradi wa mpunga wa serikali, Kibimba kule Bugiri nayo ilianzishwa na serikali. Walitufundisha wao wenyewe kulima mpunga majini, wakatuletea mbegu, leo wanatuita wavamizi. Mume wangu alisomesha watoto wanne kwa mpunga wa bonde la Manafwa. Mnataka turudi mlimani kufanya nini, na mlimani nako hakuna ardhi?

---

Bin Sio

Shikamoo mama. Neno lako ni zito na sitalijibu kwa mkato.

Kwanza, sheria haimfukuzi kila mtu majini. Zile kanuni za 2000 zina orodha ya matumizi ya asili yasiyohitaji kibali: kukata mafunjo na matete, kuchuma dawa, kuchota maji ya nyumbani, kuvua kwa mitego na vikapu. Hata kilimo kimo, mradi eneo lililolimwa lisizidi robo ya kinamasi chote. Shida ya mashariki ni kwamba robo ilipitwa zamani, na haikupitwa na familia zilizo na vipande vyao vidogo. Matajiri wa Mbale na Kampala hukodi ekari nyingi, huchimba mifereji, huvuna na kuondoka.

Pili, kuna gharama ambayo nyinyi mnailipa kabla yetu. Usiku wa tarehe 30 kuamkia 31 Julai 2022 Nabuyonga na Namatala zilifurika Mbale, watu zaidi ya ishirini wakafa. Mito yote miwili imo kwenye orodha ya mita 100. Mvua ile ilikuwa kubwa, hilo hakuna anayekataa, na milima ya Elgon inamwaga maji kwa kasi tangu enzi. Lakini maji yaliyokuwa yakipumzika mafunjoni kabla ya kuteremka yalipata kingo zilizokatwa na nyumba zilizosogea hadi mdomoni mwa mto.

Tatu, nakubaliana nawe kwamba kumwambia mtu "toka" bila kumwonyesha pa kwenda ni uonevu. Ulianzishwa mradi wa serikali na UNDP, shirika la maendeleo la Umoja wa Mataifa, kwa fedha za Mfuko wa Kijani wa Tabianchi, uliolenga mashariki na kusini magharibi, wa kuwasaidia watu watoke ardhioevu wakiwa na kazi nyingine mkononi: mabwawa ya samaki, mifugo, umwagiliaji mdogo nje ya kinamasi. Kama umefika kijijini kwako nieleze ulivyokwenda, maana makaratasi ya miradi siku zote huwa mazuri kuliko miradi yenyewe.

---

Mama Mpunga

Marahaba. Kwetu ulifika kwa wachache. Waliopata mabwawa ya samaki ni wale wanaojuana na wenye orodha. Lakini sikatai, samaki walipatikana.

---

Mwanafunzi wa Sheria

Naongeza mambo ambayo mtoa mada ameyagusa juu juu.

Hoja ya amana haikuanza na Nyakaana. Mwaka 2004 shirika la ACODE liliishtaki serikali kuhusu hifadhi ya msitu ya Butamira, kule Jinja, iliyokuwa imetolewa kwa kiwanda cha sukari cha Kakira ili ilimwe miwa. Mahakama Kuu ikasema serikali ni mdhamini tu wa msitu ule na haikuwa na mamlaka ya kuugawa namna ile, tena bila kuwauliza wananchi wanaoutegemea. Ule ulikuwa msitu, lakini ibara ya 237 inataja msitu na mto kwa pumzi moja, hivyo hoja inatembea hadi mtoni bila kuchechemea.

Jambo jingine ambalo watu hawalijui: huhitaji kuwa jirani wa mto, wala kuonyesha kwamba nyumba yako imefurika, ndipo ufungue kesi. Ibara ya 50 inamruhusu mtu yeyote au shirika lolote kwenda mahakamani kwa ajili ya haki za wengine, na haki ya mazingira safi ni mojawapo. Na kwa Kijana wa Bwaise aliyeuliza kuhusu walioweka umeme: kuna Sheria ya Utekelezaji wa Haki za Binadamu ya 2019 inayomfanya ofisa wa serikali awajibike yeye binafsi akivunja haki za watu. Mawakili wanaitumia sana kwa kesi za mateso na vizuizini. Sioni kwa nini isijaribiwe kwa ofisa aliyeidhinisha jengo juu ya mfereji.

Mkumbuke pia kwamba sheria kuu ya mazingira siyo tena ile ya 1995, ilibadilishwa mwaka 2019. Na kuanzia Septemba 2021 NEMA walitangaza kusitisha vibali vya kujenga kwenye ardhioevu. Mtu akikuonyesha kibali, tazama tarehe kabla ya kutazama muhuri.

---

Dalali Tororo

Sheria zote hizo, na Nakivubo je? Kule Kampala mwaka 2025 mfanyabiashara alianza kufunika mfereji ili ajenge juu yake, mchana, katikati ya jiji, wote tukiona. Hapo amana ilikuwa likizo?

---

Bin Sio

Hapo umenipiga mahali penyewe.

Nakivubo ndio mfano bora kuliko hii ya kwetu ya vijijini, kwa sababu mtu anaweza kuufuata mkondo kwa miguu aone mambo yote. Unapita katikati ya masoko na maegesho ya matatu, unabeba kila kilichotupwa na jiji, unaingia kwenye kinamasi cha Nakivubo, halafu Ghuba ya Murchison ya Ziwa Victoria. Kwenye ghuba hiyohiyo, Ggaba, ndiko Kampala inakochota maji ya kunywa. Kwa miaka mingi kile kinamasi kilikuwa kinachuja uchafu bure, bila mshahara wala umeme. Kikaliwa na magimbi, kikaliwa na maghala, na maji ya ghuba yakawa machafu na ghali kusafisha. Mwishowe kiwanda kipya cha maji kikajengwa Katosi, Mukono, mbali na ghuba, na bomba la kuyaleta mjini likagharimu kile lilichogharimu. Tunalipa sote kwenye bili.

Kuhusu kuufunika: wanaotetea wanasema mfereji ulikuwa unanuka, umejaa taka, na kuufunika ni kuusafisha jiji. Kunuka unanuka, sibishi. Ila mfereji wazi ukiziba unaona ulipoziba na unashuka na koleo. Ukiweka zege juu na maduka juu ya zege, taka zikinasa chini utajua siku maji yatakapotokea mlangoni mwa muuza nguo. Na hata tuseme uhandisi wake ni mzuri kuliko wote duniani, swali la sheria bado limesimama: nani alimpa mtu mmoja juu ya mkondo wa umma, kwa utaratibu gani, na wananchi waliulizwa lini? Butamira iliulizwa swali hilohilo, na serikali ikakosa jibu.

Kwa hiyo ndiyo, sheria yetu inauma zaidi ikimkuta maskini. Lakini kwangu hiyo ni sababu ya kuipeleka kwa wakubwa. Ukiiacha kabisa, anayebaki na mto ni mwenye kifusi kingi.

---

Kijana wa Bwaise

Takwimu moja inayoniumiza: mwaka 1994 ardhioevu ilikuwa asilimia 15.6 ya nchi. Kufikia 2019 ilikuwa asilimia 8.9. Na Uganda imo kwenye Mkataba wa Ramsar, ule wa kimataifa wa kulinda ardhioevu, tangu 1988, tena mkutano wake wa 2005 ulifanyika hapahapa Kampala. Wageni walikuja, wakala samaki, wakaondoka.

---

Hajati wa Masaka

Mmesahau Katonga. Mei 2023 daraja la barabara ya Kampala kwenda Masaka lilikatika, tukazungushwa Mpigi, Kanoni, Sembabule, nauli ikapanda, nyanya zikaoza kwenye malori. Kila anayepita Lwera ameona mashimo ya mchanga na mashamba ya mpunga pande zote mbili za barabara. Na mto ule umo kwenye hiyo orodha yenu.

Swali langu ni jingine. Sisi Buganda tuna ardhi za mailo, yaani za kumiliki bila ukomo, tangu mkataba wa 1900. Babu yangu hati yake inaingia hadi kwenye kinamasi, na ilikuwepo kabla ya Katiba yenu ya 1995. Je, nayo wataifuta?

---

Mwanafunzi wa Sheria

Hajati, uamuzi wa 2014 ulilenga hati za baada ya 1995, kwa hiyo ya babu haiko kwenye foleni hiyo. Lakini kuwa nayo hakukupi ruhusa ya kufukia. Ile hoja ya Nyakaana inakugusa hata wewe: ardhi ni yako, matumizi yanafungwa na sheria ya mazingira. Mafunjo unaweza kuvuna, maji unaweza kuchota. Ukitaka kukatia watu vibanja mle ndani, usijaribu.

---

Hajati wa Masaka

Basi wajukuu wamekwisha nunuliwa sodawater na mtu mmoja mwenye lori. Leo jioni naitisha kikao cha ukoo.

---

Bin Sio

Hajati, fanya haraka, na kikao kiandikwe. Kwa wengine walioniuliza pembeni wafanye nini wakiona kifusi kinamwagwa: piga picha zinazoonyesha tarehe na namba za lori, siku hiyohiyo, usingoje ua wa mabati. Andika barua kwa ofisa wa mazingira wa wilaya, nakala NEMA, nakala kwa RDC (mwakilishi wa rais wilayani), na uhakikishe nakala yako imegongwa muhuri wa kupokelewa. Bila muhuri ule, mbele ya jaji watasema hawakuwahi kuambiwa. Wakinyamaza, barua hiyo yenye muhuri ndiyo ushahidi kwamba mdhamini alijua.

Nimeomba wilayani nione kama kuna vigingi vya kuonyesha ukanda wa mita 100 upande wetu wa Mto Malaba. Nikipewa ramani nitaibandika hapa. Nikinyimwa nitabandika barua ya kuninyima.